Kwa Nini Mazigazi Humkimbia Msafiri

Zamani za mababu wa mababu zetu, uwanda huu haukuwa na mazigazi. Msafiri wa adhuhuri akiona maji mbele yake, yalikuwa maji kweli, naye aliyafikia akanywa. Akiona nyumba, alipiga hodi akakaribishwa. Jicho lilikuwa halijajua uongo.

Katika zama hizo ulikuwako mji ulioitwa Hamahama. Haukujengwa kwa miti wala kwa udongo. Ulijengwa kwa ndoto za wenyeji wake. Mtu akiota nyumba, akiamka aliikuta imesimama, nayo ilidumu maadamu aliendelea kuiota. Wengine waliota kuta, wengine mashamba ya mtama, na mtu mmoja, Kasanda, ndiye aliyeota visima. Na kwa kuwa alalaye huota pia mahali asipokuwapo, mji wenyewe haukutulia. Walilala penye vilima, wakaamkia mbugani. Wenyeji hawakuona ajabu. Kwao, kukaa mahali pamoja kulikuwa ugonjwa wa miti.

Kasanda alioa mke wa nje. Nyamizi alikuwa mfinyanzi kutoka ng'ambo ya uwanda, na watu wa kwao hawakuwa na kipaji hicho. Akilala, alilala tu. Vyungu vyake alivifinyanga kwa mikono, akavichoma kwa kuni, na majirani walivicheka kwa sababu vilivunjika.

Mtoto wao, Mhoja, alipotimiza miezi mitatu, udongo wa Nyamizi uliisha. Alimnyonyesha mtoto akashiba, akamwacha kwa mama mkwe wake, Milembe, akaenda korongoni. Alikusudia kurudi kabla watu hawajalala. Lakini ilikuwa siku ya mavuno. Watu walikula, pombe ikawalemea, na mji mzima ukasinzia alasiri. Nyamizi aliporudi na kikapu chake kichwani, alikuta nyasi tupu. Hapakuwa hata na alama ya mlango.

Alikitua kikapu. Alizunguka mahali pale mara mbili, kama mtu aliyedondosha sindano. Kisha akaelekea machweo, kwa kuwa huko ndiko mji ulikozoea kwenda, akaanza kutembea.

Mjini, Mhoja alilia. Wanawake waliota maziwa, wakaamka nayo, wakampa, akayatema. Kinywa kilichozoea ziwa la mama hakikukubali. Kasanda aliwaomba wenzake waote njia ya kurudi, nao walijaribu kwa moyo mmoja. Lakini ndoto haitumwi. Kila walipolala, mji ulikwenda kwingine. Siku ya tatu kilio cha mtoto kilipungua, na Kasanda, aliyekuwa amekivumilia kile kilio, hakuweza kuvumilia kule kupungua. Akakata shauri atoke, akae mahali pamoja, ili mkewe awe na pa kufikia.

Alikwenda kwanza kwa mama yake. Milembe alikuwa barazani. Kando yake alikaa mumewe, aliyefariki miaka mingi nyuma. Milembe alimwota kila alipolala, na kila alipoamka alimkuta pale, kimya, akisokota kamba.

"Mama, twende," alisema Kasanda. "Mtoto huyu atatufia."

"Mchukue, uende. Mimi nikitoka, baba yako atakaa wapi?"

"Nikiondoka, visima vitakauka."

"Najua, mwanangu. Toka kabla hawajasinzia."

Kasanda alitoka langoni, akaketi chini ya ukuta na mtoto mapajani. Mji uliondoka bila kishindo. Alichohisi ni kwamba kivuli kilichokuwa mgongoni mwake hakipo tena, na jua limemshika.

Alimfunika mtoto kwa nguo yake. Alipasua matikiti ya porini, akamkamulia matone midomoni. Kisha akakoka moto wa majani mabichi, akauchochea usiku na mchana. Nyamizi aliuona moshi ule kwa mbali. Kwa siku nne alikuwa akifuata mji unaosogea. Moshi huu haukusogea. Alifika miguu imepasuka. Alimchukua mtoto kwanza, akampa ziwa, akasubiri mpaka aliposikia anameza. Ndipo akamtazama mumewe.

"Kumbe umebaki, Baba Mhoja."

"Nimebaki."

Wakajenga pale pale, nyumba ya udongo iliyovuja masika ya kwanza. Kasanda hakuota tena visima. Alichimba kimoja kwa mikono yake, kikamchukua miezi miwili na kucha zake zote.

Huko Hamahama, visima vilikauka. Watu wote wakawa wanaota maji, lakini hakuna aliyekuwa na kipaji cha Kasanda. Waliyoyapata yalimetameta bila kulowesha. Kiu iliwachosha, wakawa wanasinzia hata jua likiwa utosini. Ndiyo maana mji ule ulianza kuhama adhuhuri.

Siku moja Kasanda aliuona. Aliziona kuta, akaiona baraza, akamwona mama yake. Alijaza chungu maji, akakimbia nacho. Alipokaribia, mji ulisogea. Akakimbia tena, nao ukasogea tena, na maji yakawa yanamwagika kifuani. Mara ya tatu Milembe alisimama, akainua mkono, kiganja kikimwelekea, kama mtu amwambiaye mwanawe kwamba inatosha. Kasanda akasimama. Chungu kilikuwa kitupu. Naye akainua mkono wake, akabaki hivyo hata mji ulipozama ukingoni mwa macho.

Na tangu siku hiyo, jua likiwa kali, uwandani huonekana maji yasiyonyweka na majumba yasiyofikika, na ukiyasogelea, husogea. Mgeni huyakimbilia mpaka achoke. Sisi wa ukoo wa Mhoja hatukimbii. Tunapoyaona, tunatua mizigo, tunainua mkono mara moja, kisha tunashika njia yetu.