Chama cha Kumrudisha Simba

Tegeni masikio, maana upumbavu wa Fisi sitausimulia mara mbili.

Kiangazi kilipokausha mito yote, Mfalme Simba alilikalia ziwa peke yake, akawa anamla kila aliyekuja kunywa. Wanyama wakachoka. Nyati wakamtimua kwa pembe mpaka mapangoni, na maji yakawa ya wote. Raha iliyoje! Ila Fisi alinuna. Enzi za Simba alikuwa akiokota mifupa ya karamu. Sasa ilimbidi atafute chakula kwa jasho lake, na jasho hakulizoea hata kidogo.

Basi akaunda chama cha siri cha kumrudisha Mfalme. Chama chenyewe kilikuwa yeye na Punda, na kilikutana mchana kweupe kichakani, juu kabisa ya shimo la Sungura. Siri gani hiyo, jamani, na Fisi kila akinong'ona anaangua kicheko mpaka ng'ambo ya pili ya ziwa wanasikia!

"Nimeshaonana na Mfalme," Fisi alisema. "Nimemwahidi kwamba siku ya kutawazwa nitamwandalia Sungura na wanawe wote. Nami nitakuwa waziri mkuu."

"Na mimi?" Punda akauliza.

"Wewe utapiga tarumbeta."

Punda alifurahi mpaka machozi yakamtoka.

Huko chini Sungura alisikia kila neno. Akawatazama wanawe waliolala. Kisha hasira zikampanda. Ahame kwake kwa sababu ya Fisi? Thubutu! Akatoka shimoni huku akitabasamu.

"Hamjambo, waheshimiwa. Hata mimi namtaka Mfalme."

"Kumbe! Karibu, ndugu yangu, karibu!" Fisi alimpokea, mate yakimdondoka.

"Lakini Punda, si Mfalme alimla kaka yako?"

"Alimla," Punda akajibu kwa fahari, "ila alimla kwa heshima."

Sungura akameza kicheko. "Haya. Na mila za kutawaza mnazijua? Mfalme hufunga, hagusi chakula mpaka avikwe taji. Na anayemvika, uso kwa uso, ndiye mwenye mifupa yote ya karamu."

"Nitamvika mimi!" Punda akadakia.

"Wewe mla majani, mifupa utaipeleka wapi?" Fisi akamfokea. "Taji nitamvika mimi!"

Akapeleka habari mapangoni. Simba alisema mila hizo hajapata kuzisikia, lakini kwa kuwa zilimtukuza, akazikubali na kufunga.

Siku ikafika. Simba alikuja pale kichakani akiringa, ingawa tumbo lilikuwa limegandana na mgongo. Fisi akasogea na taji la ukindu. Sungura alikuwa amesimama pembeni kwa adabu zote; Simba alipomtupia jicho tu, akajitosa shimoni mwake.

"Kitoweo changu kiko wapi?" Simba akanguruma.

"Alikuwa hapa sasa hivi, Mtukufu!"

"Nimefunga kwa ajili ya 'sasa hivi'?"

"Mtukufu, yupo Punda! Tazama alivyonona!"

Punda kusikia hivyo, tarumbeta kule, yeye huku. Hakungoja kuliwa kwa heshima. Simba akageuka, akamtazama waziri mkuu wake, aliyekuwa karibu mno.

"Nivike taji," akasema kwa upole.

Fisi akamvika huku akitazama pa kukimbilia, taji likamkalia Mfalme sikioni. Lilikuwa jambo lake la mwisho duniani. Nyati, waliosikia ngurumo, walipofika mbio, Simba alikuwa bado anatafuna huku amekunja uso, maana nyama ya fisi hata kwa mwenye njaa haipendezi. Wakamtimua mara ya pili, tena mbali zaidi, na taji lake la upande. Shimoni, wana wa Sungura wakamuuliza mama yao kelele zile zilikuwa za nini. Akawaambia:

"Tamaa mbele, mauti nyuma."