Moto Uliojiita Jina

Paukwa!

Pakawa!

Wa nyuma mbona mnanong'ona? Tena. Paukwa!

Pakawa!

Haya. Hapo zamani za kale, zamani hasa, palikuwa na kijiji cha wafinyanzi, na katikati ya kijiji palikuwa na shimo la moto. Moto huo haukula kuni. Haukula majani wala makumbi. Ulikula jina lake. Ukilitaja mara moja, uji unachemka. Mara mbili, vyungu vinaiva. Mara tatu, unarudi nyuma umeshika nyusi zako. Jina lenyewe msiniulize. Silitaji hapa, nina nyumba ya makuti.

Watu wakaupenda moto wao. Wakautungia nyimbo, jina ndani ya kila ubeti. Moto ukasikiliza, ukasikiliza, hata asubuhi moja ukajiita wenyewe. Vuuu! Ukajitaja, ukapanda. Ulipopanda, ukapata nguvu ya kujitaja tena. Vuuu! Ukapanda tena. Hakuna aliyeulisha. Ulikuwa unajila na kunenepa.

Vyungu vibichi vikapasuka uani, ta! ta! ta! Kisima kikashuka. Jumbe akapiga marufuku kulitaja jina, akamtuma mpiga mbiu. Mpiga mbiu naye, Mungu amrehemu, akazunguka mitaa yote akilitamka kwa sauti, ili kila mtu ajue ni jina gani asilitaje. Alipomaliza, mapaa mawili yalikuwa yameungua.

Ikaamuliwa kijiji kihame.

Sasa, palikuwa na mwanamke mmoja, jina lake Mize, mwenye mimba ya kwanza. Siku zake zilikuwa zimetimia, na miguu ilimvimba hata kusimama kulimshinda. Nyumba yake ndiyo iliyokuwa karibu zaidi na shimo. Majirani walimwambia watamrudia. Mize alijua safari ni ya siku nne na hakuna atakayerudi. Aliogopa, akamlilia bibi yake bila haya.

Bibi huyo aliitwa Kidawa, mfinyanzi wa mitungi, mkaidi, mchache wa maneno. Hakufunga mzigo wowote. Alikaa na mjukuu wake kutwa nzima akiusikiliza moto.

"Huyu anaita," akasema mwishowe. "Anaita na hapana wa kuitika. Ndiyo maana anajiitikia."

Akaenda ukingoni. Moto ukajiita. Vuuu! Bibi akajibu, "Abee," kama msichana aliyeitwa na mama yake. Moto ukapanda vilevile. Ulijua jina lile si la bibi. Bibi akarudi nyusi zimeungua, akakaa kitandani kwa Mize.

"Toka leo mimi si Kidawa. Niite lile."

Mize akakataa. Hajapata kumwita bibi yake kwa jina, sembuse jina lile. Tena Kidawa ni jina alilomwekea mtoto, akizaliwa wa kike.

"Mpe," akasema bibi. "Mimi nimeshalivua."

"Na ukifa, bibi, tutakulilia kwa jina gani?"

Bibi akamwambia tu aite. Mize akaita huku analia, na ukuta ukazidi joto. "Abee." Akaita tena. "Abee." Mara ya tatu bibi akawahi kuitika kabla ya moto, na joto halikuongezeka. Majirani waliokuwa bado hawajaondoka walipoliona hilo wakatua mizigo yao, nao wakaanza kumwita. Walimwita ale. Walimwita apokee maji. Walimwita bure tu. Abee, abee, abee, hata jina likamkaa mwilini kama kanga iliyofuliwa mara nyingi.

Ndipo akarudi shimoni. Moto ukajiita. Vuuu!

"Abee," akasema bibi. "Niko hapa. Unasemaje?"

Moto ukanyamaza. Ulikuwa umeita, na mwenye jina ameitika, hapakubaki cha kula. Ukashuka kidogo. Siku tatu alikaa pale akiuitikia, nao ukashuka, ukashuka, hata siku ya tatu ukawa wa kuchemshia uji wa mzazi, maana Mize alikuwa amejifungua mtoto wa kike. Hakuna aliyehama.

Bibi aliishi miaka saba zaidi. Hakuweza kwenda mbali na shimo, na usingizi wake ulikuwa wa vipande vipande. Watoto wa kijiji hawakujua kwamba aliwahi kuwa na jina jingine.

Kisha akafa. Wakamzika adhuhuri, wakarudi. Moto ukajiita. Vuuu! Hakuna aliyeitika. Vuuu! Ukapanda. Watu wakatazamana.

Mize alisimama amemshika mkono Kidawa wake. Alilipenda jina lake, Mize. Alipewa na baba yake, wala hakuwa na kitu kingine cha baba yake. Uani vyungu vikaanza, ta! ta!

"Niiteni," akasema. "Niiteni lile."

Watu wazima wakainamisha vichwa, kila mmoja akimngoja mwenzake. Wa kwanza kumwita akawa binti yake, ambaye siku zote alimwita mama.

"Abee," akaitika mama yake.

Basi wenzangu, nguvu inayojilisha yenyewe haizimwi kwa marufuku. Lazima apatikane mtu wa kuiitikia, na mtu huyo atatoa kitu kilicho chake hasa. Hadithi yangu naikomesha hapo. Mkimkumbuka yule bibi, semeni Kidawa, na mseme kwa sauti. Jina hilo haliunguzi mtu.