Hodi ya Chuma Kipofu

Paukwa!

Pakawa!

Nani huyo ameitika na andazi mdomoni? Somoe, meza kwanza, ndiyo uitike. Na wewe Baba Shekue kule nyuma, umeitika huku unapiga mwayo, nimekusikia. Mnashangaa nimejuaje, nami nimewapa mgongo napepeta mchele wangu? Sauti imenijia, nikajua nani yuko wapi. Lishikeni hilo, maana ngano ya leo inaanzia hapo.

Paukwa tena!

Pakawa!

Hapo zamani za kale, bahari ilikuwa na giza chini kama ilivyo leo, lakini ilikuwa na raha ya kusikilizana. Sisemi ilikuwa kimya. Thubutu! Kamba walikuwa wakigonganisha magando: ta! tata! ta! Pono walikuwa wakitafuna matumbawe: kwaru, kwaru, kwaru. Nyangumi akiimba kusini, muuuuu, mwenzake wa kaskazini anamwitikia. Samaki mchanga aliyezaliwa mbali alirudi kwao kwa kusikiliza mwamba wa kwao unavyovuma.

Mimi mwenyewe nilipokuwa kigoli, nikizamisha kichwa majini, nilikuwa nawasikia wale kamba. Ta! tata! ta! Kama chumvi uliyoitupa motoni. Siku hizi nikizamisha kichwa nasikia mashine tu. Naikumbuka sauti ile mpaka roho inaniuma, Mungu ndiye ajuaye.

Basi kule chini jicho halifiki mbali. Kila mtu anakwenda kwa hodi. Na hodi ya kwao ilikuwa na adabu yake. Unapiga ndogo. Unapiga tatu. Halafu unanyamaza, unasikiliza. Ukiitikiwa, pita. Usipoitikiwa, rudi ulikotoka, usivunje mlango wa watu.

Alikuwapo Bi Pomboo. Bi Pomboo alikuwa na mtoto mmoja tu, bado ananyonya. Na pomboo hawaitwi Juma wala Asha. Jina la pomboo ni mluzi wake. Mtoto huyu aliitwa hivi: Fiyuu-wi! Haya, semeni nanyi.

Fiyuu-wi!

Somoe, usinirushie andazi.

Siku moja Bi Pomboo alikuwa akimfundisha mwanawe.

"Mama, mbele kuna giza."

"Piga hodi, mwanangu."

Mtoto akapiga: tk-tk-tk! Akanyamaza. Kutoka gizani ikarudi: tk!

"Mama! Kuna mtu ameitika!"

"Si mtu. Ni sauti yako mwenyewe, imegonga kitu ikarudi. Imerudi upesi au imekawia?"

"Upesi."

"Basi kitu kiko karibu. Ingekawia, kingekuwa mbali. Na imerudi kavu au laini?"

"Kavu."

"Basi hilo ni jiwe. Ingerudi laini, kingekuwa chakula. Jiwe usile."

Mtoto akacheka. Mama naye akacheka. Kisha mama akaacha kucheka, akasema:

"Sikiliza neno moja. Ukipotea, piga jina lako. Nikikusikia, nitakuita kwa jina hilohilo. Ukinisikia, nyamaza, tulia hapohapo, nakuja. Ukiendelea kuita, nitajua hujanisikia. Umeelewa?"

"Nimeelewa, mama."

Nanyi mmeelewa? Haya.

Asubuhi moja, maji yametulia, jua limepanda, ikaja sauti ambayo haijapata kusikika.

PIIIIIIN!

Nyembamba, ndefu. Ikapita kwenye maji, ikapita kwenye mifupa. Kamba wakaacha kugonga. Pono wakaacha kutafuna.

"Ni nini hicho?" akauliza Bi Pomboo.

Palikuwa na Mzee Chewa, bwana mkubwa wa pangoni, mdomo mpana, tumbo mbele. Yeye ndiye aliyejiona mwenye kujua desturi zote za bahari. Akatoa kichwa nje ya pango.

"Ni hodi," akasema. "Mgeni amepiga hodi."

"Hodi gani ya kutoboa masikio?"

"Mgeni hafundishwi. Pengine kwao ndivyo wanavyopiga. Mwitikieni! Mji usioitikia hodi ni mji wa wachawi."

Ustaarabu nao, wanangu, una siku unaponza. Wote wakajikusanya kumkaribisha mgeni. Na katika mji mzima hakuna aliyejua kukaribisha kama Bi Pomboo. Akamwambia mwanawe, "Nisubiri hapa kwenye matumbawe, nakwenda kumpokea mgeni, sikawii." Akaenda mbele ya umati.

"Karibuuu!" wakaitika wote kwa pamoja.

Mgeni akazidi kusogea. Alikuwa mrefu kuliko nyangumi, mweusi, hana magamba, hana macho, hana hata kope. Mwili wote chuma. Watu wa nchi kavu humwita nyambizi. Wa baharini, walipomwona, walimwita Chuma Kipofu.

PIIIIIIIIN! Hodi ya pili, kubwa kuliko ya kwanza.

"Karibuuu!" wakaitika kwa nguvu zaidi.

Kumbe kadiri walivyoitika, ndivyo sauti zilivyomchanganyikia yule kipofu. Alipochanganyikiwa, akapandisha sauti.

PIIIIIIIIIIIN!

Hodi ya tatu ilipasua mji. Samaki huyu huku, yule kule. Mzee Chewa akarudi pangoni kinyumenyume, akakwama tumbo. Na Nyangumi, masikini, alikuwa chini kabisa akila ngisi. Anayetoka kule chini hupanda polepole, mwili uzoee. Yeye alishtuka akapanda mbio, damu yake ikafanya mapovu ndani kwa ndani. Akajikokota mpaka ufukweni, akalala. Hakuinuka tena. Watu walimkuta wakamzunguka, wakasema, "Ajabu, mbona hana jeraha?"

Bi Pomboo akarudi matumbaweni, mbio mbio, mkia haugusi maji.

Mtoto hayupo.

"Fiyuu-wi!" akaita.

Kimya. Masikio yake yalikuwa yanalia nziiii, nziiii.

"Fiyuu-wi!"

Akaita upande wa kusini. Akaita upande wa kaskazini. Nziiii tu. Hata kama mtoto aliitika, mama hakusikia. Akalia. Pomboo hulia, msidanganywe na ule mdomo wao unaoonekana kucheka.

Mzee Chewa akapaza sauti kutoka pangoni, "Bi Pomboo, kimbia, kabla hajapiga hodi ya nne!"

"Nikimbilie wapi bila mwanangu?"

Akageuka. Hakwenda mbali na Chuma Kipofu. Alimfuata. Akamkaribia mpaka pua ikagusa chuma. Na hapo, kwa adabu ya kwao, akapiga hodi. Ndogo. Tatu. Tk. Tk. Tk. Akanyamaza.

Chuma Kipofu akasimama.

"Nani huyo?" akanguruma.

"Mwenye mji. Wewe nani alikufundisha kupiga hodi?"

"Walioniunda. Tumboni mwangu mna watu, na sina dirisha hata moja. Natoa sauti, inakwenda, inagonga, inarudi. Ikirudi upesi, kitu kiko karibu. Ikikawia, kiko mbali."

"Hayo nayajua. Nimemfundisha mwanangu hayohayo. Yuko wapi mwanangu?"

"Sikumwona."

"Ulipiga hodi tatu mji mzima. Kila kitu kilikurudishia sauti. Na yeye alikurudishia. Yuko wapi?"

Chuma Kipofu akafikiri, mashine yake ikinong'ona: dududu, dududu.

"Ilirudi moja ndogo, pale matumbaweni," akasema. "Laini. Lakini mimi nilikuwa natafuta chuma mwenzangu. Kilichorudi kidogo, nilikihesabu si kitu."

Ehe. Mmesikia? Si kitu.

Bi Pomboo hakumtukana. Angemtukana, nani angemlaumu? Akasema, "Kwetu, mtu akishapiga hodi ya tatu hunyamaza. Umekwisha piga zako. Nyamaza sasa."

"Nikinyamaza, nitakuwa kipofu."

"Kipofu umekuwa tangu ulipokuja. Nyamaza uone."

Chuma Kipofu akanyamaza. Akazima hodi, akapunguza na ile dududu mpaka ikawa haisikiki. Mle tumboni watu wakavaa vidude vyao vya kusikilizia, wakakaza masikio.

Mwanzo hapakuwa na kitu. Kisha kamba mmoja, mwoga mwoga: ta! Kisha wa pili: tata! Kisha pono: kwaru. Kisha mbali sana, kusini, nyangumi ambaye hakujua kwamba mwenzake amelala ufukweni: muuuuu, anaita, anangoja kuitikiwa. Watu wale walikuwa wamepita baharini miaka na miaka, na hawakuwa wamewahi kuisikia bahari. Mmoja wao, mtu mzima na ndevu zake, alifuta macho.

"Kuna nyingine," akasema Chuma Kipofu taratibu. Masikio yake ni marefu, yamelala ubavuni. "Ndogo sana. Iko upande wa mikokoni, kwenye maji ya kina kifupi. Inakwenda hivi: Fiyuu-wi."

Bi Pomboo hakungoja kuaga. Mikokoni! Maji yalikuwa yanakupwa, na mtoto akibaki kwenye matope jua litammaliza. Akaenda, akaenda, akaenda. Alipokaribia, ile nziiii imepungua, akasikia kwa masikio yake mwenyewe.

"Fiyuu-wi!"

Akaitika, "Fiyuu-wi!" Akangoja mtoto anyamaze.

"Fiyuu-wi!" mtoto akaita.

Akasogea. Akaitika kwa nguvu zaidi, "Fiyuu-wi!"

"Fiyuu-wi!" mtoto akaita.

Akafika. Alimkuta amegeukia mizizi ya mikoko, tumbo linagusa matope, mgongo uko juani. Akamsogelea mdomo kwa sikio.

"Fiyuu-wi!"

"Fiyuu-wi!" mtoto akaita, akaita, akaita, na mama yuko palepale ubavuni pake.

Mnakumbuka mama alimwambia nini? Ukiendelea kuita, nitajua hujanisikia.

Bi Pomboo akajua. Lilikuwa jambo zito. Kisha akanyoosha pezi lake, akaliweka juu ya pezi la mwanawe.

Mtoto akageuka. Akanyamaza.

"Nimekuja," akasema Bi Pomboo. Mtoto hakulisikia neno. Mama akamsukuma kwa pua, akamtoa matopeni, wakatoka pamoja kabla maji hayajakauka.

Nini, Somoe? Kama masikio yalipona? Hayakupona, mjukuu wangu. Sitakudanganya ili uendelee kula andazi kwa raha.

Lakini toka siku hiyo hakwenda peke yake. Mama alipopinda kushoto, pezi lilimwambia kushoto. Mama alipopanda kuvuta pumzi, pezi lilimwambia panda. Pomboo wengine walipoona, wakaiga. Ndiyo maana hata leo ukiwaona pomboo utawaona ubavu kwa ubavu, pezi juu ya pezi. Na Mzee Chewa, yeye toka siku ile haitikii hodi ya mtu. Akisikia kishindo huingia pangoni na kufumba ule mdomo mpana.

Na Chuma Kipofu? Aliondoka polepole siku ile, anasikiliza. Wale wa tumboni hawakutaka kuvua vidude vyao. Ila ana ndugu wengi, na si kila mmoja amekutana na Bi Pomboo. Wapo wanaopita kimya, wakisikiliza. Wapo wanaopiga ile hodi ya kupasua mji. Ndiyo maana nami nikizamisha kichwa siku hizi, huzamisha nikiwa na khofu kidogo, na tamaa kidogo, huenda nikawasikia tena wale kamba wangu.

Basi funzo lake ni hili, wakubwa na wadogo: anayepiga kelele ili ajue wenzake walipo, huwapoteza. Ukitaka kumjua mwenzio, piga hodi ndogo, kisha unyamaze. Na kilichoitika kwa sauti ndogo usikihesabu si kitu. Ni mtoto wa mtu.

Hadithi yangu imeishia hapo, penye mizizi ya mikoko, maji yakikupwa. Kama imewafaa, wasimulieni wenzenu, lakini kwa sauti ya chini. Nami nimalizie mchele wangu.