Gurudumu la Kilima cha Iyumbi

Paukwa!

Pakawa!

Sogeeni karibu na moto, lakini msiuchezee. Ngano ya leo nitaisema polepole, na kabla sijaianza nitawataja waliokuwapo, kila mmoja kwa jina lake, kwa sababu asiyetajwa hupata njia ya kusema hakuwapo.

Alikuwapo Korongo, jina lake Mihayo, naye ndiye aliyekuwa mwalimu. Alikuwapo Ngiri, jina lake Kabuga, kiranja wa shule. Alikuwapo Kima, jina lake Tuju, rafiki wa kiranja. Alikuwapo Pimbi, jina lake Gwisu. Alikuwapo Kanga, jina lake Mbula. Alikuwapo Digidigi, jina lake Nshoma, binti mwenye miguu myembamba kama njiti. Na alikuwapo Kakakuona, jina lake Limbu, mgeni kuliko wote. Katika watu alikuwapo mmoja tu, mkulima, jina lake Machibya.

Zama hizo wanyama walikuwa na shule yao juu ya kilima cha Iyumbi, na watu walikuwa hawachomi pori bila kubisha hodi.

Limbu aliletwa shuleni na mama yake asubuhi moja. Alikuwa mpole, mwenye macho madogo na kucha ndefu, na kwa kucha hizo aliandika herufi mchangani vizuri kuliko wote. Mwalimu Mihayo alizitazama kwa jicho moja, kisha kwa la pili, akasema, "Huyu atasoma."

Mama yake kabla ya kuondoka alimwita Nshoma kando.

"Binti yangu, nyumba yako na yetu ni njia moja. Nakuomba jambo. Mwanangu akiogopa hujikunja, akawa kama tufe. Akijikunja, hata simba hamfungui. Sisi kakakuona hatufunguliwi kwa nguvu, tunafunguliwa kwa sauti. Umguse mkiani, umwambie, 'Fungua, ni mimi.' Sauti anayoiamini, anaifungulia. Anayo yangu. Sasa nataka awe na yako."

"Sawa, mama," Nshoma akasema.

Mama akafanya hivyo mbele yao, na Limbu akajifunza sauti ya Nshoma. Kisha mama akaenda zake kwenye vichuguu.

Mwalimu Mihayo alikuwa na sheria moja. Aliisema kila asubuhi, akisimama kwa mguu mmoja: "Hapa hatusikilizi minong'ono. Aliyeumizwa asimame mbele ya wote, amtaje aliyemuumiza, hali wanatazamana. Asipotaja jina, hapana shauri." Aliipenda sana sheria hiyo. Ilikuwa imenyooka kama mdomo wake. Hakuwahi kujiuliza inaonekanaje kwa aliye mdogo.

Siku ile ile, wakati wa mapumziko, Kabuga alimjia Limbu, Tuju akiwa nyuma yake.

"Njuka, mgeni wewe! Shikamoo yangu iko wapi?"

"Shikamoo, kiranja."

"Sijasikia."

"Shikamoo, kiranja!"

"Unanipigia kelele mimi?" Kabuga akamgonga kwa pua. Limbu akaogopa, akajikunja.

Tuju akacheka mpaka akaanguka. "Kiranja, tazama! Mama yake amezaa gurudumu!"

Basi Kabuga akamsukuma kwa meno yake yaliyopinda, na Limbu akabingirika kutoka juu ya kilima mpaka chini kwenye majani marefu. Na Tuju akatunga wimbo papo hapo:

Gurudumu, gurudumu, limetoka wapi?
Kwa mama yake!
Gurudumu, gurudumu, linakwenda wapi?
Chini!

Gwisu akaitikia. Mbula akaitikia. Nshoma hakuitikia, lakini alitikisa kichwa kwa mdundo, ili asionekane kuwa peke yake.

Naona mnataka kuitikia. Msiitikie.

Limbu alirudi darasani na damu puani. Mwalimu akamwuliza mbele ya wote, "Nani?"

Limbu akamtazama Kabuga. Kabuga alikuwa anafuta ubao kwa utulivu, kwa kuwa ndiyo kazi ya kiranja.

"Nimeanguka, Mwalimu."

"Hapana shauri. Kaa."

Kesho yake akasukumwa tena. "Nani?" "Nimeanguka, Mwalimu." Keshokutwa akasukumwa tena. "Nani?" "Nimeanguka, Mwalimu." Na mwalimu akawaambia wote kwamba mtoto yule hajui kutembea.

Limbu akaanza kubadilika. Herufi zake zikapinda, kisha zikapotea. Akiulizwa jambo analolijua, alisema halijui, ili asisimame akaonekana. Asubuhi aliumwa tumbo.

"Tumbo gani hili la asubuhi tu?" mama yake aliuliza. "Jioni unakula, asubuhi unajishika tumbo. Mwanangu, uvivu haujawahi kuwa ugonjwa. Twende."

Akaanza kuzunguka kwa njia ya mbali, nyuma ya kilima, ili asikutane na Kabuga. Kwa hiyo akawa anachelewa, na kwa kuchelewa akachapwa fimbo. Hakulia. Alijikunja kidogo kidogo akiwa amesimama, kama jani lililokaribia moto.

Lakini tufe lililofungwa lilimchosha Kabuga. Alitaka kuona lililomo ndani. Alijaribu kulifungua kwa meno, likakataa. Alijaribu kwa kwato, likakataa. Ndipo Tuju, aliyekuwa mtini siku mama alipomwita Nshoma kando, akasema, "Kiranja, mbona ufunguo tunao? Mwite Nshoma."

Wakamwita. Nshoma akaja.

"Wewe, njiti," Kabuga akasema, "nasikia ndugu yako hufungua akikusikia. Mwite."

"Kiranja, mama yake aliniamini."

"Mwite."

"Kiranja, naomba uniache."

Kabuga akainama mpaka pumzi yake ikamwingia Nshoma sikioni. "Yeye ana magamba, ndiyo maana anabingirika akafika mzima. Wewe huna magamba. Tukikubingirisha wewe, unadhani miguu hiyo itafika chini na mwili wako?"

Nshoma aliitazama miguu yake. Akamwendea Limbu, akamgusa mkiani, akasema kwa sauti ndogo, "Fungua, ni mimi."

Limbu akafungua.

Tumbo la kakakuona halina magamba. Ni laini kama la mtoto mchanga. Tuju alikuwa ameshika upupu kwenye jani, akaumwaga wote pale. Sitaeleza alivyolia. Wenye kumbukumbu ya upupu wanajua, na wasio nayo Mungu awaepushe.

Walipokuwa wanarudi nyumbani Nshoma alimwambia, "Limbu, walinilazimisha."

Limbu akasema, "Najua."

Siku ya pili wakamsukuma tena, wakamwita Nshoma tena. Akamgusa mkiani. "Fungua, ni mimi."

Ndani ya tufe sauti ikajibu, "Jana pia ulikuwa wewe."

Kabuga akamkanyaga Nshoma kwa kwato. Nshoma akasema, "Leo ni kweli, Limbu. Wameondoka. Niko peke yangu. Naapa kwa mama yangu."

Tufe likakaa. Kisha likafunguka polepole, kwanza mkia, kisha jicho moja. Nao wakamjaza mchanga mdomoni, wakicheka, na Gwisu na Mbula wakicheka kwa mbali, si kwa kuwa walifurahi, bali kwa kuwa asiyecheka huulizwa sababu.

Siku ya tatu ilikuwa siku ya upepo. Majani yalikuwa yamekauka, na mvua zilikuwa karibu. Wakati wa mapumziko Limbu alisukumwa kama kawaida, wimbo ukaimbwa kama kawaida, kisha kengele ikalia, wakamwacha chini kwenye majani marefu. Alikuwa amejikunja. Siku hizo alikuwa hajikunjui hata walipokwisha kuondoka.

Chini ya kilima, Machibya alikuwa anatayarisha shamba. Kama ilivyokuwa desturi ya watu, alichukua debe tupu akalipiga, akatangaza:

"Wenye miguu, tokeni! Wenye mabawa, ondokeni! Wanaotambaa, tambaeni! Moto unakuja!"

Alilipiga debe, akangoja. Akalipiga tena, akangoja. Akalipiga mara ya tatu, akatia moto majani. Hakuvunja desturi. Aliyesikia alikuwa na nafasi ya kutoka.

Mwalimu Mihayo aligonga kengele, akawaongoza wanafunzi waliokuwa darasani wakashuka upande wa pili mpaka mto mkavu, mahali penye mchanga mtupu. Moto haukai mchangani. Lakini Nshoma alitoka kwenye mstari akakimbia kurudi. Moshi ulikuwa umeshaanza kupanda. Alimkuta Limbu pale pale.

"Limbu! Fungua, ni mimi!"

Tufe likajikaza zaidi.

"Limbu, moto! Hukusikia debe?"

Kutoka ndani sauti ikasema, "Nasikia wimbo kila siku. Debe nalo ni la Tuju."

"Si Tuju, ni Machibya! Moshi huo unanuka, Limbu, vuta pumzi!"

"Juzi mlinimwagia upupu. Jana mkanipa mchanga. Leo mmewasha majani ili nitoke."

"Leo ni kweli!"

"Jana ulisema leo ni kweli."

"Naapa kwa mama yangu!"

"Hivyo pia ulisema."

Nshoma akamgusa mkiani, akambembeleza, akamgonga kwa kichwa, akasukuma kwa miguu yake ya njiti. Tufe halikusogea. Mbele yao moto ulikuwa unakula majani kwa sauti kama ya kundi linalotafuna. Nywele za mkia wa Nshoma zikaanza kujikunja kwa joto. Akaondoka mbio huku analia, akavuka kilima, akafika mchangani.

"Mwalimu! Limbu yuko kwenye majani! Amejikunja, hafungui!"

Mwalimu Mihayo akanyoosha shingo. Mabawa yake hayakuweza kubeba hata mtoto wa kakakuona. "Asukumwe basi," alisema. "Abingirishwe mpaka kwenye njia yenye mawe, moto haufiki pale. Nani ana nguvu ya kumsukuma?"

"Kabuga anajua kumsukuma," Nshoma akasema.

Wote wakamtazama Kabuga. Ngiri ana ngozi nene na mbio fupi kali. Angefika. Moshi ulikuwa bado mweupe upande ule.

"Kabuga," mwalimu akauliza, "unajua kumsukuma Limbu?"

Kabuga akamtazama Tuju. Tuju akatazama juu. Kukubali kwamba anajua ni kukubali mambo mengine yote.

"Mimi, Mwalimu? Mimi sijawahi kumgusa."

"Nani aliyemwona?" mwalimu akauliza. Hata hapo aliishika sheria yake.

Gwisu akatazama vidole vyake. Mbula akaanza kuparua mchanga, kana kwamba kuna punje. Tuju akasema, "Mwalimu, yule huanguka tu mwenyewe. Kila siku anakuambia."

Na moshi ule uliokuwa mweupe ukageuka mweusi.

Nshoma akatoka akasimama mbele. Miguu yake ilikuwa inatetemeka, na kila mtu aliiona. Akamtazama Kabuga usoni.

"Kabuga ndiye aliyemsukuma. Tuju ndiye aliyetunga wimbo. Gwisu na Mbula waliitikia. Mimi ndiye niliyemwita akafungua, mara mbili, nao wakamtesa. Mama yake aliiamini sauti yangu, nikaiuza kwa sababu ya miguu yangu. Nibingirisheni. Lakini kwanza mkamtoe!"

Mwalimu Mihayo alishusha mguu wake wa pili. Kabla ya siku hiyo wanafunzi hawakuwa wamemwona akisimama kwa miguu yote miwili.

"Kabuga, nenda," alisema. "Sasa."

Kabuga akaenda. Lazima niseme hivyo, kwa kuwa ni kweli. Aliingia kwenye moshi mkia ukiwa umesimama, wakasikia kwato zake juu ya mawe, kisha hawakuzisikia. Moto ulipita mteremko wote mpaka kileleni, ukakosa la kula, ukalala. Kabuga akatoka peke yake, manyoya ya mgongoni yakiwa yameungua, akaja akasimama mchangani mbali na wenzake. Tuju alimwendea kumwambia neno, Kabuga akageuza uso.

Macho yote yakageukia mteremko mweusi.

Mama yake Limbu alikuwa kwenye vichuguu vya upande wa pili wa bonde. Aliona moshi, akaja mbio, kucha zake zikiwa bado na udongo wa mchwa. Alimkuta mwalimu amekwisha kuondoka shuleni, anamjia njiani kwa miguu, mabawa yameshuka.

"Mwalimu, umekuja mwenyewe," mama akasema. "Mwanangu amekosa nini leo? Amechelewa tena?"

"Hakukosa, mama."

"Basi yuko wapi?"

Ngano yangu naitua hapa njiani walipokutana wawili hao, kwa kuwa mbele ya hapo sina maneno, nina habari tu. Limbu, mtoto wa Kakakuona, alikufa mchana ule katika kilima cha Iyumbi.