Mkono wa Bwana Kioo

Mlinzi hatazami mkono, hutazama pembe. Mmemsikia mama yenu akimwambia hivyo mchunga mbuzi aliyengoja kuamriwa huku fisi akiingia zizini, nanyi mkacheka. Haya, tulieni niwaambie ilikoanzia.

Zamani, picha zinazotembea zilipokuwa bado mpya, Mzungu mmoja alifika katika nyika iliyo chini ya milima ya Taita. Wenzake walikuja kuua wanyama. Yeye alitaka kuwapiga picha wakiwa mbioni. Tulimwita Bwana Kioo. Kamera yake ilisimama kwa miguu mitatu, na picha zilinaswa kwa kuzungusha mpini bila kusita.

Alimwajiri Mwandoe, mwindaji hodari, amlinde kwa bunduki. Shemeji yake Mwandoe, Mkala, ambaye ni baba yangu, alishika miguu ya kamera isitikisike.

"Mkono wangu ukizunguka, usipige," Bwana Kioo alimwambia Mwandoe. "Ukisimama, piga."

Mwandoe alikubali. Alikuwa mtu wa kushika neno, tena kupita kiasi.

Asubuhi moja kifaru alinusa harufu yao, akaja mbio. Bwana Kioo akazungusha mpini. Ndani ya kioo cha kamera kifaru alionekana mdogo, yuko mbali bado, naye Bwana Kioo akafurahi kwa picha nzuri. Mwandoe alielekeza bunduki kwa kifaru, lakini macho aliyaweka kwenye ule mkono.

"Shemeji, piga!" baba alipiga kelele.

"Mkono bado, shemeji!"

Mkono uliposimama risasi ililia, kifaru akiwa amekwisha kufika. Alianguka, lakini pembe ilikuwa imempasua baba paja. Bwana Kioo hakupata hata mkwaruzo. Baba alipona, ila hakupanda mlima tena, na mashamba yetu yote yalikuwa mlimani. Mpaka leo jambo hilo linaniuma.

Walipomfikisha nyumbani kwa machela, shangazi yangu Mghoi, mke wa Mwandoe, alimuuliza mumewe, "Bunduki ulikuwa nayo?"

"Nilikuwa nayo."

"Basi ulikuwa unatazama nini ndugu yangu akichomwa?"

Mwandoe aliinama. "Mkono, mama. Nilikuwa nautazama mkono."

Mghoi alilia. Tangu hapo Mwandoe ndiye aliyelima shamba la baba kila msimu, kabla ya lake. Na kila kijana aliyemwomba amfunze bunduki alimpeleka kwanza akalione lile kovu la paja la baba, ndipo akamwambia:

"Mlinzi hatazami mkono, hutazama pembe."