Chai ya Kipupwe ya Mwantumu

Gome hutaka moto, tunda hutaka kifuniko. Mmeisikia harusini juzi, mzee mmoja akimwambia bwana harusi, watu wakacheka, nanyi mkacheka nao bila kujua mnacheka nini. Leo mnakuja kwangu kuuliza. Afadhali, maana asiyejua na akauliza amepungukiwa na kitu kimoja tu. Kaeni basi, na chanzo cha methali hii ni hiki.

Kabla barabara ya lami haijapanda milima ya Usambara, kulikuwa na kijiji kikiitwa Kwemviru. Kipupwe kilipoingia huko, ukungu ulishuka polepole hadi nyumba zikapotea moja moja, na majogoo wakawika adhuhuri wakidhani ni alfajiri. Watu walitembea wakikohoa makusudi ili wasigongane njiani. Sauti ya mtu ilikufikia kwanza, mwenyewe akafuata baadaye, na mara nyingine hakufuata kabisa, ukabaki unajiuliza kama kweli ulisalimiwa.

Msimu huo kila nyumba ilipika chai ya matunda na viungo, na mke wa Mzee Kaniki, aliyeitwa Mwantumu, hakuwa na mpinzani katika kuipika. Gome la mdalasini alilibandua mwenyewe kwenye mti wa nyuma ya nyumba. Iliki na tangawizi alikuwa nazo shambani, plamu alizikausha kwenye uchaga juu ya jiko, na machungwa aliletewa na watu waliopanda kutoka bondeni. Harufu ya chungu chake ilitembea ndani ya ukungu mbali kuliko taa yoyote. Wapita njia walipofika mbele ya nyumba yake walipunguza mwendo, wakajifanya wana habari ya kuuliza.

Mwaka mmoja, ukungu ukiwa ndio kwanza umeanza, binti yake Sikudhani alirudi nyumbani. Alikuwa ameolewa na Hoza, kijana wa ng'ambo ya bonde, na ndoa yao ilikuwa bado changa. Alitokea asubuhi, furushi kichwani, akamwamkia mama yake, akalitua furushi, akachukua ufagio akaanza kufagia ua. Hakueleza kitu. Ukimuuliza kama ameshiba, alikujibu vizuri. Ukimuuliza kwa nini amerudi, alikutazama kidogo, kisha macho yake yakakupita yakaenda nje.

Sasa Mwantumu, mbali na chai yake, hakuwa mwanamke wa kusubiri. Alimuuliza wakichambua mboga, akamuuliza wakienda kisimani, akamuuliza akimsuka nywele.

"Amekupiga?"

Sikudhani akatikisa kichwa.

"Ana mwanamke mwingine?"

Akatikisa tena.

"Wanakunyima chakula? Basi niambie, mwanangu. Mimi ndiye niliyekuzaa. Usiponiambia mimi utamwambia nani?"

Kila swali lilimfanya binti azidi kuwa mdogo pale alipokaa, na Mwantumu aliliona hilo, likamuuma, na kwa kuumwa akazidi kuuliza. Mama akiwa na hofu, ulimi wake hauna breki.

Hofu yake ilikuwa na sababu. Watu wa Kwemviru walikuwa na desturi yao. Mke akirudi kwao bila kuaga, upande wa mume huja kumwulizia, nao hukaribishwa kwa chungu cha chai. Kikombe cha kwanza hunywewa kimya. Baada ya hapo mke ana ruhusa ya kusema lililomrudisha, na lazima aliseme mwenyewe kwa kinywa chake. Akilisema, wazee watalitazama. Chungu kikiisha hajasema kitu, basi hana dai, atachukua furushi lake na kuwafuata siku hiyo hiyo.

Ikaja habari kwamba Hoza na mama yake, Bi Riziki, watafika alasiri. Mwantumu alimwona binti yake tayari, akitokomea ndani ya ukungu nyuma ya watu wale, hajasema neno, na jambo lile lililomkaa moyoni likirudi naye huko huko lilikotoka. Akainjika chungu, na huku akikoroga akaanza tena.

"Leo wanakuja. Unasikia? Leo. Ukinyamaza nitafanya nini mimi? Utawaambia nini?"

Alikoroga na kuuliza, akachochea kuni na kuuliza. Mkono wake, ambao miaka yote haukukosea, ulitupa kila kitu chunguni kwa pamoja: gome, tangawizi, iliki, plamu, machungwa yaliyokatwa na maganda yake. Chai ilichemka kwa hasira, plamu zikapasuka, rangi ikawa ya maji ya mfereji. Mwantumu alipoonja, uso wake ulikunjamana hadi macho yakafumba. Ilikuwa chungu, na chini ya uchungu kulikuwa na ukali wa kutia ganzi menoni.

Alikaa kwenye kibao akaanza kulia. Hakulilia chai, ingawa alisema analilia chai.

Sikudhani alikuja, akachovya kidole akaonja.

"Mama," akasema, "umechemsha chungwa na gome pamoja."

Lilikuwa neno la kwanza alilolitoa mwenyewe bila kuulizwa tangu alipofika. Mwantumu akaogopa hata kupenga kamasi.

"Si wewe uliyenifundisha?" binti akaendelea taratibu. "Gome unalipiga moto mpaka likubali. Tunda unalitia ukishaepua, unafunika, unaliacha. Ulisema ukilichemsha linakupa uchungu wake kwanza."

"Nilisema hivyo?"

"Ulikuwa unasema kila mwaka."

Mwantumu alimwaga chungu kile nje, akakiosha, akainjika kingine. Safari hii alichemsha gome na tangawizi na iliki hadi jiko zima likajaa harufu, akatia majani ya chai, akaepua. Kisha akazitia plamu moja moja, na vipande vya chungwa vilivyomenywa, akafunika. Akakaa kando ya chungu bila kuuliza kitu. Alivua khanga yake ya juu akamfunika nayo binti yake mabegani. Sikudhani akamwegemea. Walikaa hivyo, mvuke ukitoka kidogo kidogo pembeni mwa kifuniko na ukungu ukiingia mlangoni, hata usingejua huu unaishia wapi na ule unaanzia wapi. Mwantumu aliona kwamba moyo wake umetulia, na akashangaa, kwa sababu hakuna kilichobadilika.

Wageni wakafika. Bi Riziki alikuwa mwanamke mwembamba, mwenye adabu, anayeketi wima. Hoza alikuwa na mabega mapana, lakini siku hiyo hakujua mikono yake aiweke wapi. Walisalimiana, wakaulizana hali za mifugo na mahindi, wakanywa kikombe cha kwanza kimya kama desturi inavyotaka. Chai ile ilikuwa tamu kiasi kwamba Mzee Kaniki alifumba macho, akasahau kwa muda kilichowakusanya.

Bi Riziki akaweka kikombe chini. "Tumeshukuru. Mwenye neno na aseme."

Sikudhani aliangalia mkeka.

Vikombe vikajazwa tena. "Sikudhani," Hoza akasema, "nimekukosea nini?" Alisubiri kidogo. "Sema basi. Nimepanda mlima wote huu nisikie. Nimekukosea nini?" Sauti yake ilikuwa inapanda, na alikuwa na uchungu, msimhukumu.

"Sema, mwanangu," Mzee Kaniki naye akasema. "Wazazi wako tupo hapa."

"Mtu mwenye dai haogopi," akasema Bi Riziki.

Mwantumu alimwona binti yake akianza kuwa mdogo tena. Akakitazama chungu. Kilikuwa kimebaki kikombe kimoja.

Bi Riziki akanyoosha kikombe chake. "Tumiminie, mkwe wangu, tumalize. Njia ni ndefu na giza halitusubiri."

Mwantumu alichukua kifuniko akakirudisha juu ya chungu, akaweka mkono wake juu yake.

"Chungu hakijaisha," akasema.

"Ndiyo maana nasema umimine."

"Simimini. Kikao huisha chungu kikiisha, na chungu hiki ni changu."

"Hiyo ni hila, mkwe."

"Ni hila," Mwantumu akakubali. "Leo nimeharibu chungu kizima kwa kuchemsha vyote pamoja. Gome hutaka moto, Bi Riziki. Usipolichemsha halikupi kitu. Lakini tunda hutaka kifuniko. Mwanangu huyu nimemchochea tangu aje, nami sikupata kitu ila uchungu. Sasa nimefunika. Atakayetaka kusubiri, karibu. Asiyeweza, njia anaijua."

Mzee Kaniki alikohoa, akatafuta neno la desturi la kupinga jambo hilo, akalikosa. Bi Riziki aliinuka, akaaga kwa adabu yake yote, akaondoka na mwanawe.

Kesho yake alasiri, Hoza akatokea peke yake ndani ya ukungu.

"Shikamoo, mama. Nimekuja kuangalia chungu."

"Marahaba. Kipo."

Akakaa. Hakuuliza kitu. Alikaa hadi jioni, akaaga. Akaja tena siku iliyofuata, na iliyofuata. Kila asubuhi Mwantumu aliongeza maji ya viungo na tunda moja au mawili, chungu kisikauke wala kisiharibike, akakifunika. Majirani walimtania kwamba chungu chake kimeota mizizi. Yeye alijibu kwamba wakome kukinusa basi. Hoza alikaa upande huu wa jiko akichonga mpini wa jembe, Sikudhani upande ule akisuka ukili. Siku nyingine waliongea juu ya mbuzi, nyingine hawakuongea. Ukungu uliingia na kutoka, na siku zilifanana hata Mwantumu hakuwa na hakika kama leo ni leo au bado ni jana.

Alasiri moja Mwantumu alikuwa kizingitini akimenya maharage. Alisikia kifuniko kikigusa sakafu, akageuka. Sikudhani alikuwa amemimina chai na kumpa Hoza kwa mikono miwili.

"Nilikuwa na mimba," akasema.

Kikombe kilitulia mikononi mwa Hoza.

"Ulikuwa umeenda bondeni kuuza viazi. Ilitoka. Mama yako alinihudumia vizuri, siwezi kusema uongo. Alinikanda, akanipikia uji. Kisha akaniambia nisikwambie, utavunjika moyo, tutapata mwingine. Akaenda kuzika peke yake kwenye migomba. Nikawa nakata majani ya migomba ile kila siku, Hoza. Sijui ni mgomba upi."

Mwantumu alikuwa na maswali kumi kooni. Aliyameza yote.

"Siku nilipokuja hapa nilikuuliza," Hoza akasema. "Kwa nini hukuniambia?"

"Uliniuliza watu wote wakinitazama. Na mama yako yuko kando yako."

Hoza aliweka kikombe chini akalia, mabega yale mapana yakitikisika, na Sikudhani, ambaye hakuwa amelia hata mara moja tangu arudi, akasogea akalia naye. Mwantumu aliinuka na maharage yake, akatoka, akauvuta mlango wa jiko nyuma yake mpaka ukafunga. Akasimama nje kwenye baridi. Kila kitu alichotaka kukijua kilikuwa ndani, naye alibaki nje, akalia peke yake kwa ajili ya mjukuu ambaye hata hakuwa amejua kwamba alikuwepo.

Wakarudi pamoja ng'ambo ya bonde, na Hoza hakwenda kumfokea mama yake. Alimkalia kimya jikoni kwake, kama alivyokalia chungu, mpaka yule mama mwenye kuketi wima akainama. Ndipo Bi Riziki akawachukua wote wawili akawapeleka migombani, na hakuhitaji kutafuta. Mgomba ule alikuwa anaupalilia kila asubuhi kabla watu hawajaamka. Sikudhani aliweka kiganja chake kwenye udongo, na mkwewe akaweka chake kando ya cha Sikudhani.

Tangu siku hiyo wanawake wa Kwemviru wakimwona mtu ana jambo moyoni, humwekea kikombe, wakakaa kando wakifanya kazi zao. Na akitokea mwenye haraka anayetaka kuuliza, kama nilivyokuwa mimi, na kama mlivyo ninyi wote hapa, humvuta nguo na kumwambia kwa sauti ndogo: Gome hutaka moto, tunda hutaka kifuniko.