Kiboko Asiyelewa

"Paukwa?"

"Pakawa!"

"Pakawa nani?"

"Sema wewe, mdomo ni wako!"

Haya, tulieni basi. Palikuwa na Kiboko, mlevi wa kutupwa, lakini ukimwambia amelewa utakiona cha moto. "Mimi silewi," ndivyo alivyosema siku zote, hata akiwa amelala kifudifudi topeni.

Sasa Nguchiro, mjane mwenye watoto tele, akapika pombe ili majirani waje wamlimie. Desturi mnaijua: jembe kwanza, kibuyu baadaye. Masika yalikuwa yanabisha hodi, na shamba lisipolimwa watoto watalala njaa. Kiboko akawawahi wenzake. Jembe hakuligusa. Akaushika mtungi, gugu gugu gugu, mpaka machicha, kisha akaanguka puu! Majirani walipokuta mtungi mkavu, wakageuka na majembe yao. Nani alime bure?

Nguchiro akalia. Alipochoka kulia, akampaka Kiboko udongo miguuni, akamshikisha jembe.

Jua limepanda, Kiboko akafumbua jicho moja. Jembe hili la nani? Udongo huu umetoka wapi? Kichwa nacho, ngo ngo ngo.

"Shikamoo, mzee. Pole na kazi," akasema Nguchiro.

"Marahaba. Kazi gani?"

"Si ulisema wenzako warudi, shamba utalimaliza peke yako? Ukaanza, ukapumzika kidogo. Au hukumbuki? Labda ulilewa."

Kiboko akatazama miguu: udongo. Akatazama shamba: magugu. Sasa alilima wapi? Akatafuta kichwani, hamna kitu.

"Mimi silewi," akasema. "Nakumbuka vizuri sana."

Akalima. Kwatu, kwatu, niliahidi lini? Kwatu, kwatu, mbele ya nani? Akalimaliza lote, haelewi.

Kakakuona akapita, akaona, akasogea. "Mzee, na langu je? Uliniahidi."

"Nakumbuka," akasema Kiboko, karibu alie.

Nungunungu naye: "Na langu?"

"Nakumbuka."

Ndiyo maana mpaka leo Kiboko hushinda mtoni, macho na masikio tu juu. Watu husema anakimbia jua. Wapi! Anasikiliza nani anamwita, maana hajui alimwahidi nini.

Funzo, wanangu: pombe ni mbaya, inaharibu watu. Kwa hiyo ipikeni kwa wingi kabla ya masika.

Ngano imekwisha. Utamu wake nendeni nao, ubaya wake niachieni mimi.